Kwa Atakaye Kuwa Mwendesha Mashtaka Katika Jiji la London

Kijana wa Afrika ya Mashariki akaaye London, awe amezaliwa huku ama amekuja kwa masomo, akiwaambia jamaa zake kwamba moyo wake umeelekea kwenye kazi ya kuendesha mashtaka, aghalabu huulizwa kwa mshangao kwa nini asiwe wakili wa kutetea watu. Kwa maana katika fikira za wengi wetu anayeshtaki ni mkono wa polisi, na polisi ni mtu wa kuombewa asibishe hodi mlangoni. Fikira hiyo haikuzuka bure. Wazee wetu waliopandishwa kizimbani katika mahakama za mahakimu za Nairobi, Mombasa na Dar es Salaam walimkuta inspekta wa polisi ndiye aliyesimama kuwashtaki, na mara nyingi inspekta huyo alikuwa wa kituo kile kile kilichowakamata. Nawe msomaji, ukitaka kuingia katika kazi hii, huna budi kujua kwanza kwamba desturi hiyo ilitoka hapa hapa Uingereza, na kwamba ofisi unayoitamani iliundwa ili kuikomesha.

Tangu jeshi la polisi la London lilipoundwa mwaka 1829, polisi ndio waliokuwa wakipeleleza, wakikamata na, katika sehemu kubwa ya kesi, wakishtaki. Cheo cha Mkurugenzi wa Mashtaka kiliwekwa kwa sheria ya mwaka 1879, walakini kwa zaidi ya miaka mia mkurugenzi huyo alishughulikia kesi chache zenye uzito, nyingine zote zikabaki mikononi mwa polisi na mawakili waliowaajiri wenyewe. Kisha mwezi wa Aprili 1972 mtu mmoja akauawa katika nyumba iliyochomwa moto mtaani Catford, kusini mashariki ya jiji. Vijana watatu, mmoja wa miaka 14, wa pili wa miaka 15, na wa tatu wa miaka 18 ambaye akili yake ilikuwa bado ya mtoto mdogo, wakahojiwa bila ya wakili kuwa kando yao, wakaungama, wakatiwa hatiani mwaka huo huo. Mahakama ya Rufaa ilipoichambua kesi hiyo mwaka 1975 iliona kwamba maungamo yale hayapatani na ushahidi wa madaktari juu ya saa ya kifo, vijana wakaachiwa, na taifa likajiuliza ilikuwaje hata asipatikane mtu mmoja, katika safari yote kutoka kituoni mpaka mahakamani, aliyelifungua jalada kwa jicho la mgeni akaona kasoro hiyo. Tume ya Kifalme iliyokaa toka mwaka 1978 hata 1981 ilijibu kwamba apelelezaye asiwe ndiye ashtakiye. Sheria ikapitishwa mwaka 1985, na mwaka uliofuata Idara ya Mashtaka ya Taji, ambayo watu wote huiita CPS, ikaanza kazi. Kwetu tulifuata njia hiyo baadaye: Tanzania kwa sheria ya mwaka 2008 iliyounda utumishi wa mashtaka wa taifa, na Kenya kwa ibara ya 157 ya Katiba ya mwaka 2010, iliyompa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma uhuru wa kutopokea amri ya mtu.

Nimeanza na historia hiyo kwa sababu ndiyo inayoeleza asili ya kazi. Wengi huvutiwa na joho jeusi, na nywele nyeupe za bandia, na sauti inayojaza ukumbi. Lakini sehemu kubwa ya kazi hufanyika kwa ukimya, mbele ya jalada, na tendo lake kubwa ni uamuzi: huyu ashtakiwe, au asishtakiwe. Uamuzi huo una maswali mawili, yaliyoandikwa katika kanuni ambayo kila mwendesha mashtaka wa Uingereza huishi nayo mchana na usiku. La kwanza ni la ushahidi: je, baraza la raia lenye insafu, likielekezwa vyema katika sheria, lina uelekeo zaidi wa kumtia huyu hatiani kuliko kumwachia? La pili, ambalo haliulizwi mpaka la kwanza limepata jibu la ndiyo, ni la maslahi ya umma: uzito wa kosa, kiasi cha lawama ya mtuhumiwa, madhara yaliyompata aliyetendewa, umri wa mtuhumiwa, na kama mashtaka yatakuwa ni jibu lililo sawa na kosa lenyewe. Jizoeze maswali haya kabla hujaajiriwa. Soma habari ya kesi yoyote, kisha uandike kwa mkono wako kwanza hoja za utetezi, na uziandike kwa nguvu zako zote, ndipo uandike za mashtaka. Mwenye kuanza na za mashtaka huzipenda, na azipendaye hoja zake hawezi tena kuzipima.

Utayapima haya wakati saa inakimbia. Polisi hawaruhusiwi kumshika mtuhumiwa zaidi ya saa 24 bila ya shtaka, ila kwa kosa zito afisa wa cheo cha juu aweza kuzifikisha 36, na hakimu aweza kuruhusu mpaka 96. Kwa sababu hiyo CPS ina mawakili wanaopokea simu za polisi usiku na mchana, hata siku za sikukuu, na wakili aliye nyumbani kwake saa tisa za usiku, jalada likiwa kwenye kompyuta yake, huamua kama mtu asiyemjua na ambaye huenda asimwone maishani atalala rumande ama kwake. Asiyeweza kukaa peke yake na uamuzi wa namna hiyo, asiwe na mtu wa kumshangilia wala wa kumlaumu, na afikirie kazi nyingine katika sheria, nazo ni nyingi na njema.

Kukataa kushtaki ndiko kugumu kupita yote. Tarehe 22 Aprili 1993 kijana mweusi wa miaka 18, Stephen Lawrence, alichomwa kisu na kundi la vijana wazungu akingoja basi mtaani Eltham, akafa. Wawili walishtakiwa, lakini mwezi wa Julai CPS ikayaondoa mashtaka kwa kuwa ushahidi haukutosha. Wazazi wake, kwa uchungu ambao hakuna mzazi asiyeuelewa, wakafungua mashtaka yao wenyewe. Kesi ikaanguka katika mahakama ya Old Bailey mwaka 1996, watatu wakaachiwa, na kwa sheria ya siku hizo aliyekwisha kuachiwa hakuweza kushtakiwa tena kwa kosa lile lile hata akipatikana na damu mikononi. Ripoti ya uchunguzi wa Jaji Macpherson juu ya kesi hiyo, ya mwaka 1999, iliwatia polisi lawamani kwa uzembe na kwa ubaguzi uliojengeka ndani ya taasisi yao. Sheria ya mwaka 2003 ikaruhusu kesi nzito kufunguliwa upya ukipatikana ushahidi mpya wenye nguvu. Wataalamu wakaona chembe ya damu na nyuzi za nguo zilizokuwapo siku zote katika vitu vilivyohifadhiwa. Na tarehe 3 Januari 2012 wawili wakatiwa hatiani, mmoja wao akiwa miongoni mwa wale watatu walioachiwa mwaka 1996. Watu wetu London huisimulia kesi hii kama hadithi ya dhulma, na kweli dhulma ilikuwamo. Lakini wewe utakayekuwa mwendesha mashtaka isome mara mbili. Kushtaki kwa ushahidi mbovu kulikaribia kumwokoa mwuaji milele. Na kukataa peke yake nako hakukutosha, kwa sababu aliyekataa alipaswa kuuliza: je, nguo zimepimwa zote? Nani hajahojiwa? Mlango gani haujabishwa? Kwa hiyo, kila utakapoandika kwamba ushahidi hautoshi, andika chini yake ni ushahidi gani ungetosha na nani akautafute. Jalada lirudi kwa polisi na orodha ya kazi, lisirudi tupu.

Jambo la pili ambalo limewaangusha wengi ni kumpa mtetezi yale yanayoidhoofisha kesi yako mwenyewe. Sheria ya mwaka 1996 inamtaka mwendesha mashtaka ayatoe kwa upande wa utetezi yote yaliyopatikana katika upelelezi ambayo yaweza kumfaa mshtakiwa, hata kama yeye hakusudii kuyatumia. Mwezi wa Desemba 2017, katika mahakama ya Croydon, kijana mmoja mwanafunzi aliyekaa karibu miaka miwili akiwa na tuhuma ya kubaka alikuwa kizimbani. Wakili aliyesimama kwa upande wa mashtaka akaomba yaliyomo katika simu ya mlalamikaji, ambayo polisi walikuwa nayo muda wote, zikatolewa jumbe zipatazo 40,000, na ndani yake yakawamo maneno yaliyoivunja kesi nzima. Wakili huyo aliisimamisha kesi yake mwenyewe. Baada ya hapo CPS na polisi waliomba radhi, na kesi nyingi zikapitiwa upya. Wako watakaokwambia kwamba wakili yule alishindwa siku ile. Kwa maoni yangu hakuna siku ambayo kazi hii ilifanywa kwa ukamilifu zaidi, na ningependa kila anayeingia katika ofisi ya mashtaka asimuliwe kisa hicho kabla hajapewa ufunguo wa meza yake. Katika zama hizi ambapo maisha ya mtu yamo ndani ya simu, uliza mapema: simu zipo ngapi, nani amezisoma, kwa maneno gani ya kutafutia, na tafsiri ya lugha ngeni ilifanywa na nani.

Hapo kwenye lugha ndipo mtoto wa Afrika ya Mashariki ana la kuleta. Chukua kesi za ukeketaji. Uingereza ilikataza tendo hilo kwa sheria tangu mwaka 1985, ikaitia nguvu mpya kwa sheria ya mwaka 2003, lakini miaka ikapita bila ya mtu kutiwa hatiani. Mwaka 2015 daktari mmoja alishtakiwa Southwark, na baraza la raia likamwachia baada ya muda mfupi sana. Hukumu ya kwanza ya hatia ilipatikana Old Bailey mwaka 2019, dhidi ya mama mzaliwa wa Uganda, akafungwa miaka 11 kwa kosa hilo. Kisha mwaka 2023, katika mahakama hiyo hiyo, mwanamke mkazi wa London alitiwa hatiani kwa kumpeleka mtoto wa miaka mitatu Kenya mwaka 2006 akakeketwe. Kisa kilijulikana pale binti, alipofika umri wa miaka 16, alipomweleza mwalimu wake. Na mwezi wa Februari 2024 mwanamke huyo akahukumiwa miaka saba. Ilikuwa mara ya kwanza kwa mtu kuadhibiwa Uingereza kwa kusaidia tendo hilo lifanyike ng'ambo. Fikiri ni maarifa gani yanahitajika katika jalada la namna hii: kujua bibi ana amri gani katika nyumba, kujua tofauti ya anayesema “tulimpeleka” na anayesema “alipelekwa”, kujua kwamba binti anayenyamaza mbele ya shangazi zake huenda anawastahi wala si kwamba anasema uongo. Wakili aliyelelewa katika jamii zetu huyaona haya upesi. Lakini na ajihadhari: akiwa anajuana na familia hiyo, kwa undugu, kwa msikiti ama kanisa, ama kwa harusi waliyokutana, ni sharti aseme siku hiyo hiyo na jalada lipewe mwingine. Wala asijitie kuwa mkalimani. Mahakama ina wakalimani wake walioapishwa, na kazi ya wakili ni kusikia pale tafsiri inapopinda na kumwomba jaji swali lirudiwe.

Sasa njia za kuingia. Katika Uingereza mawakili ni wa namna mbili, solisita na barista, na CPS huwachukua wote. Solisita wa siku hizi hupita mtihani ulioanzishwa mwaka 2021, pamoja na miaka miwili ya kazi ya mafunzo. Barista hujiunga na kimoja cha vyama vinne vya kale, navyo ni Lincoln's Inn, Gray's Inn, Inner Temple na Middle Temple, husoma masomo yake, kisha hukaa mwaka mmoja chini ya barista mzoefu. CPS yenyewe ina mpango wake wa mafunzo kwa namna zote mbili, ambao hugombewa na wengi, basi anza kuandaa maombi yako mwaka mmoja kabla. Aliyekwisha kuwa wakili wa Mahakama Kuu huko Kenya, Uganda ama Tanzania haanzi upya kabisa: aweza kufanya mtihani wa solisita bila ya kutakiwa ile miaka miwili, au kuomba mtihani wa kuhamia ubarista. Tena kwa kuwa CPS ni idara ya serikali, raia wa nchi za Jumuiya ya Madola mwenye haki ya kufanya kazi Uingereza hazuiliwi kwa uraia wake katika nafasi zilizo nyingi. Mtanzania, Mkenya, Mganda na Mnyarwanda wamo, ila Mrundi na Mkongo, ambao nchi zao hazimo katika jumuiya hiyo, na waulize hali yao kabla hawajatumia fedha za maombi. Utapekuliwa habari zako za nyuma. Sema kila kitu mwenyewe. Wala usidharau mlango mdogo: wapo walioanza kama makarani wa majalada wakasoma jioni. Alison Saunders, aliyeingia CPS mwaka ule ule wa 1986 ilipoanza, alikuwa mkuu wa mashtaka wa London wakati wa kesi ya Lawrence ya mwaka 2012, na mwaka 2013 akawa Mkurugenzi wa Mashtaka, wa kwanza kutoka miongoni mwa watumishi wa idara yenyewe.

Njia hii si ngeni kwetu. Kabla ya kitivo cha sheria kufunguliwa Dar es Salaam mwaka 1961 hapakuwa na chuo cha sheria katika Afrika ya Mashariki yote, na waliotaka uwakili walipanda meli kuja London au kwenda India; mmojawao, Charles Njonjo, alisomea uwakili Gray's Inn, akarudi akapanda katika ofisi ya sheria ya serikali hata akawa Mwanasheria Mkuu wa Kenya mwaka 1963, zama ambazo mashtaka yote ya jinai yalikuwa chini ya cheo hicho.

Kabla ya kuomba, nenda ukatazame. Mahakama ni wazi kwa watu wote wala hakuna kiingilio. Roshani ya watazamaji ya Old Bailey huingiwa kwa kichochoro cha Warwick Passage. Usichukue simu wala mkoba, kwa kuwa hutaruhusiwa kuingia navyo na hapana mahali pa kuviweka, na usimchukue mtoto aliye chini ya miaka 14. Lakini nakushauri usiishie kwenye jengo hilo adhimu. Nenda Snaresbrook, penye kumbi 20 za kesi, uone kesi za kila siku. Nenda katika mahakama ya mahakimu ya Highbury Corner ama Croydon asubuhi ya Jumatatu, uwatazame waliokamatwa mwisho wa juma wakitolewa mmoja mmoja, na mwendesha mashtaka mmoja, bila ya joho wala nywele za bandia, akieleza kila kesi kwa dakika chache, akisema dhamana itolewe kwa masharti gani ama ipingwe kwa sababu gani. Sheria ya mwaka 1976 huanza na haki ya kupewa dhamana, basi anayepinga ni juu yake kuonyesha kwamba mtu huyu hatarudi mahakamani, ama atatenda kosa jingine, ama atawaingilia mashahidi. Utaona pia kwamba mwendesha mashtaka wa Uingereza hadai miaka kadha ya kifungo. Humweleza jaji uzito wa kosa na mwongozo wa adhabu, kisha hukaa. Wanaotoka katika mahakama zetu, ambako upande wa mashtaka huomba adhabu kali iwe funzo kwa wengine, hushangaa, nami nadhani desturi hii ya kukaa kitako ni ya kuigwa.

Uchovu upo, tena mwingi. Mwaka 2024 kesi zilizokuwa zikingoja katika mahakama za Taji zilizidi 70,000, maana yake ni kwamba shahidi aliyeshuhudia ugomvi Peckham aweza kuitwa kueleza baada ya miaka miwili ama zaidi. Andika barua, piga simu, mwambie tarehe ikibadilika kabla hajaomba ruhusa kazini, mweleze kwamba aweza kuomba pazia ama kutoa ushahidi kwa njia ya video. Ila usimfundishe la kusema, kwa kuwa ni haramu kwa sheria na ni khiyana kwa kesi. Picha na maelezo utakayoyaona juu ya watoto walioumizwa yatakufuata nyumbani, basi tumia msaada wa ushauri ambao idara huutoa, tena mapema.

Na siku utakapoamua kutomshtaki mtu, barua kwa aliyetendewa ni yako. Andika kwa lugha nyepesi ambayo mama wa Kisomali wa Tottenham ama kijana wa Kiganda wa Barking ataielewa akisomewa na mwanawe. Usitumie neno “hautoshi” peke yake: taja ni jambo gani halikuthibitika na kwa nini. Usiseme wala kudokeza kwamba humwamini, kama ukweli ni kwamba unamwamini lakini huna njia ya kuwafanya raia 12 wa baraza wawe na yakini kama uliyo nayo wewe. Eleza haki yake, iliyowekwa mwaka 2013, ya kuomba uamuzi wako uangaliwe tena; uieleze katika ukurasa wa kwanza wala si pembezoni. Akiomba, jalada lile litafunguliwa na wakili mwingine ambaye hakuhusika na uamuzi wako, naye atayauliza yale maswali mawili toka mwanzo, na akiona ulikosea, mashtaka yatafunguliwa.